Viazi vitamu vya kuoka na nazi: kwa nini vinatoa maji, na namna ya kuvipata vikiwa laini na vitamu siku ya sikukuu

Swali: Krismasi iliyopita nilitaka kuweka mezani viazi vitamu vya nazi vya kuoka, pembeni ya pilau na kuku, kwa watu kumi na wawili. Viazi nilinunua wiki moja kabla nikaviweka friji visiharibike. Asubuhi nikamenya, nikakata vipande vikubwa, nikaviloweka kwenye maji ya ndimu visiwe vyeusi, nikapanga kwenye trei, nikamimina tui lenye sukari na iliki, nikawasha oveni. Baada ya saa moja na nusu juu vilikuwa vimeungua, ndani vigumu, tui limekatika na chini kumejaa maji. Utamu wenyewe haukuwepo. Mwaka huu nifanyeje? Oveni yangu ni ya gesi, ndogo, na siku hiyo itakuwa na kuku. (Msomaji, Tanga)

Jibu: Dada, usiilaumu oveni. Kilichokuponza ni mfuatano. Ulitaka kiazi kibichi kiive, kitoe utamu, kinywe tui na kipate rangi juu, yote kwa wakati mmoja ndani ya trei moja. Kazi hizo zinagombana. Kiazi kinataka muda mrefu kwenye moto mkavu, na tui la nazi halivumilii muda mrefu kwenye moto wowote. Basi vitenganishe. Viazi vioke vizima, na maganda yake, bila tone la maji, siku moja kabla. Tui lipike peke yake hadi lipungue. Siku ya sikukuu vikutanishe kwa dakika hamsini tu.

Kabla ya vipimo nianze na friji, maana hapo ndipo ugumu ulipoanzia. Kiazi kitamu ni mmea wa nchi za joto, na kinaendelea kuwa hai hata baada ya kuchimbwa. Kikikaa siku kadhaa kwenye baridi ya chini ya nyuzi 12 za Selsiasi, seli zake zinaumia, na ukija kukipika katikati panabaki pagumu hata ukikiacha motoni saa mbili. Friji ya nyumbani iko kwenye nyuzi 4 au 5. Kiazi kibichi hakiingii humo hata siku moja. Kiweke kwenye kapu au tenga, mahali pakavu penye hewa na kivuli, bila kukiosha. Kikishaiva ndipo friji inakuwa rafiki yake.

Ndimu nayo ilichangia. Kinachoshikilia seli za kiazi ni pektini, na pektini inakuwa ngumu kuyeyuka penye uchachu. Vipande vilivyolowekwa kwenye ndimu vinajenga tabaka la nje linalochelewa kulainika, na uchachu unaobaki juu yake unasaidia kulikata tui. Weusi unaouogopa unaletwa na kimeng'enya, yaani protini inayochochea mabadiliko ndani ya kiazi, kinachofanya kazi kiazi kibichi kinapokatwa na kupata hewa. Ukikimenya kikiwa kimeshaiva, kimeng'enya hicho kimekufa kwa joto, na huhitaji kukiloweka kwenye kitu chochote.

Sasa utamu. Kiazi kibichi kina sukari kiasi, lakini sehemu kubwa yake ni wanga. Joto la ndani likifika takriban kati ya nyuzi 60 na 77, wanga unavimba na kulainika, na kimeng'enya kingine, beta-amilesi, kinaukatakata kuwa maltozi, sukari ileile inayopatikana kwenye kimea. Joto likipanda zaidi ya hapo, kimeng'enya kinakufa na kazi inasimama. Kwa hiyo kiazi kinachopita kwenye joto hilo polepole kinatoka kitamu kuliko kilichopita haraka. Ndiyo sababu kiazi kilichofukiwa kwenye majivu ya moto kinatoa utomvu mzito kama asali chini ya ganda, na kiazi cha shamba hilohilo kikikatwa na kutumbukizwa kwenye maji yanayochemka hakifiki huko. Viazi vyako havikuiva katikati, kwa hiyo wanga haukulainika na kimeng'enya hakikupata cha kukata. Sukari kidogo iliyokuwepo ikaenda kwenye maji ya chini ya trei.

Kuhusu kununua. Nenda sokoni siku tano au sita kabla, wala si jioni ya mkesha. Kiazi kikipumzika siku chache baada ya kuchimbwa kinapunguza maji na kuongeza utamu kidogo. Chagua vya ukubwa wa kati, gramu 200 hadi 250 kimoja, unene unaolingana, ili viive kwa pamoja. Ukichanganya kinene cha nusu kilo na kidogo cha gramu mia, kimoja kitakuwa uji wakati kingine kinatoa sauti ya kokoto kwenye kisu. Kwepa vilivyooshwa kwa muuzaji, kwa sababu vinawahi kuoza. Na kiangalie kila kimoja kwenye shingo na pembeni kama kina vitundu vidogo vyeusi. Hivyo ni vya fukusi. Kiazi kilichoshambuliwa na fukusi kinajitengenezea kemikali chungu za kujilinda, na kupika hakuziondoi. Uchungu huo hauishii pale ulipoona tundu, kwa hiyo usikate kipande ukaokoa kilichobaki. Kitupe chote, na usiwape mifugo, maana kemikali hizo zinadhuru wanyama.

Aina ya kiazi inaamua jinsi utakavyokipanga. Viazi vyeupe au vya manjano ndani, vile ambavyo sokoni wanaviita vya unga, vina wanga mwingi na maji kidogo. Vinashika umbo vikikatwa vipande, na vinakunywa tui sana. Viazi lishe, vyenye rangi ya chungwa ndani, vingi ni laini zaidi na vinapendeza mezani. Kama unaweza kupata aina iitwayo Kabode, chukua hiyo. Ina rangi ya chungwa na bado haina majimaji mengi. Iliidhinishwa Uganda mwaka 2007, na Robert Mwanga, mtafiti wa huko, alikuwa mmoja wa watu wanne waliopewa Tuzo ya Chakula Duniani mwaka 2016 kwa kazi ya kuongeza virutubisho kwenye mazao, yeye na wenzake wawili kwa ajili ya viazi lishe hasa. Rangi hiyo ya chungwa ni chanzo cha vitamini A, na mwili unaipokea vizuri zaidi ikiliwa na mafuta, kazi ambayo tui linaifanya bila kuombwa. Usipoipata Kabode, changanya nusu kwa nusu: vya chungwa kwa rangi, vyeupe kwa kushikilia.

Mapishi ya Kimarekani unayoyaona mtandaoni, yale ya mlo wa Thanksgiving, sikukuu yao ya shukrani, yatumie kwa tahadhari. Yametungwa kwa aina kama Beauregard, iliyotolewa Louisiana mwaka 1987, ambayo ikiokwa inakuwa laini na yenye maji. Wao wanaiponda na mayai na maziwa kidogo. Ukiponda viazi vyetu vya unga kwa vipimo vyao utapata kitu kikavu kinachokwama kooni. Na "350" yao ni Fahrenheiti, yaani nyuzi 177 zetu.

Kwa watu 12 wanaokula na pilau na kuku, nunua kilo 3. Maganda na mvuke vikiondoka utabaki na kilo 2 na kidogo, gramu 170 kwa mtu, na hiyo inatosha. Utahitaji pia nazi 3 kubwa zilizokomaa, siagi gramu 100 kwa jumla, korosho mbichi gramu 150, iliki punje 10, mdalasini wa unga nusu kijiko cha chai, sukari, unga wa mchele kijiko 1 cha chakula, unga wa ngano vijiko 3 vya chakula, chumvi, na ndimu moja ya mwisho kabisa. Trei iwe ya takriban sentimita 33 kwa 23, kina sentimita 5.

Siku moja kabla: viazi

Osha viazi kwa maji mengi, visugue udongo utoke, kausha. Toboa kila kimoja kwa uma mara tano au sita ili mvuke upate njia, vinginevyo kimoja kinaweza kupasuka na kumwaga utomvu utakaoungua chini ya oveni siku nzima. Usivipake mafuta na usivifunge foili. Foili inafungia mvuke ndani, na mvuke ndio unaofanya kiazi kiwe cha maji.

Vipange juu ya wavu wa katikati, na chini yake weka trei tupu. Trei hiyo ina kazi mbili: inakinga utomvu, na inazuia moto wa gesi usipige tumbo la viazi moja kwa moja. Weka viazi oveni ikiwa bado ya baridi, kisha washa nyuzi 150. Viache dakika 45. Huu ndio muda wa utamu, usiuruke. Halafu pandisha hadi nyuzi 200 na uendelee dakika 40 hadi 50. Vimeiva kisu chembamba kikizama hadi katikati bila kukwama popote, ganda limelegea na kujikunja, na pembeni kuna utomvu mweusi uliogandia. Kama una kipimajoto cha nyama, katikati pasome nyuzi 95 au zaidi. Kiazi kikikwama kisu, ongeza dakika 10 na ujaribu tena. Usikubali "karibu", kwa sababu siku inayofuata tui halitamalizia kazi hiyo.

Viache vipoe wazi hadi uweze kuvishika, kama dakika 40. Ganda litatoka kwa vidole. Kata vipande vya duara vya unene wa sentimita moja na nusu. Vya unga vitakatika safi, vya chungwa vitavunjika kingo kidogo na si neno. Paka trei siagi gramu 20, panga vipande vikilaliana kidogo, safu mbili, kila safu ikinyunyiziwa chumvi robo kijiko cha chai. Vikishapoa kabisa funika, weka friji. Visilale nje usiku kucha. Desemba ya pwani ina joto la kutosha kuharibu chakula chenye wanga kabla ya asubuhi.

Hutakuwa na kipimo cha oveni cha kuaminika? Kuna jaribio la sukari. Weka kijiko cha chai cha sukari nyeupe kwenye kipande cha foili, kiingize katikati ya oveni iliyokwisha pata moto, subiri dakika 15. Sukari inayeyuka kwenye nyuzi 186 hivi. Ukiweka kitasa kwenye 175 ikayeyuka, oveni yako inazidisha. Ukiweka 190 ikabaki chembechembe, inapunja. Fanya hivyo wiki hii, uweke alama ya kalamu kwenye kitasa, na utaitumia hata kwa keki.

Tui

Hapa watu wengi wanaharakisha, na hapa ndipo trei inapoharibika. Kuna nazi tatu. Zikune laini, mimina maji ya uvuguvugu mililita 500, maji ambayo mkono unavumilia, kamua kwa nguvu na uchuje. Hilo ni tui la kwanza, utapata karibu mililita 600 hadi 700, na ndilo pekee linaloingia kwenye viazi. Chicha ongeza maji, kamua tui la pili, tumia kwenye maharage au mchuzi. Ukiliingiza kwenye trei umerudi kwenye maji ya mwaka jana. Ukitumia la kopo, chukua makopo 2 ya mililita 400, lile zito, na usiliongezee maji.

Tui ni matone ya mafuta yaliyotapakaa kwenye maji, yakishikiliwa na protini kidogo. Joto kali linaigandisha protini hiyo, matone yanaungana, mafuta yanapanda juu na maji yanabaki chini: ndiyo kukatika. Vitu viwili vinalizuia, mwiko usiosimama na wanga kidogo. Koroga unga wa mchele na vijiko vitatu vya tui la baridi hadi mabonge yaishe. Tui lililobaki liweke kwenye sufuria pana, moto mdogo, pamoja na iliki uliyoitwanga, mdalasini, chumvi nusu kijiko cha chai, na sukari vijiko 3 vya chakula kama viazi ni vya chungwa, 5 kama ni vyeupe. Lakini onja kiazi kwanza. Kikiwa kimeokwa vizuri, huenda vijiko viwili vikakutosha.

Koroga kuelekea upande mmoja, ukikwaruza chini, hadi lianze kutoa mapovu madogo pembezoni. Lisichemke kwa fujo. Mimina mchanganyiko wa unga wa mchele, endelea kukoroga dakika 12 hadi 15, mpaka libaki mililita 450 hivi na mwiko ukiuchora mstari kwa kidole mstari ubaki. Likikatika licha ya yote, epua papo hapo, ongeza vijiko viwili vya tui baridi na ulipige kwa mchapo wa mayai. Mara nyingi linarudi.

Tui lipikwe asubuhi ya sikukuu. La jana lililolala nje limeshachacha, na uchachu huo utaunusa kwenye viazi vyote.

Juu yake

Korosho zitwange ovyo, zibaki vipande vya ukubwa wa mbegu ya mahindi. Changanya na unga wa ngano, sukari ya kahawia au sukari guru iliyokwanguliwa vijiko 3, chumvi kidogo, na siagi baridi gramu 80, ukisugua kwa ncha za vidole hadi iwe kama makombo ya mkate. Iweke friji. Siagi ikiwa ya baridi makombo yanakuwa makavu na yanatafunika. Ikiwa imeyeyuka inakuwa ngozi moja ngumu. Tumia korosho mbichi, kwa sababu zilizokaangwa zikirudi motoni zinakuwa chungu. Waulize wageni kama kuna asiyeweza kula korosho, na kama yupo, mpangie viazi vyake kwenye chombo cha pembeni bila korosho.

Siku yenyewe

Tuseme mnakula saa 7 mchana. Saa 5 na nusu toa trei ya viazi kwenye friji ipunguze ubaridi, na uanze tui kwenye jiko la juu. Saa 6 kuku anatoka. Anahitaji kupumzika kabla ya kukatwa, na kupumzika kwake ndiyo nafasi yako. Mimina tui likiwa la moto juu ya viazi, ukilielekeza kwenye nafasi kati ya vipande. Tui linapaswa kufika robo tatu ya kimo, lisifunike kila kitu. Likizidi, libakize pembeni. Funika foili, ingiza nyuzi 180, dakika 30. Saa 6 na nusu ondoa foili, tawanya makombo ya korosho, rudisha wavu wa juu kidogo dakika 15 hadi 20, mpaka yawe ya dhahabu na tui lipwite pembezoni. Kaa karibu kwenye dakika tano za mwisho, kwa sababu korosho zinatoka dhahabu kwenda nyeusi upesi sana. Toa, acha dakika 10 tui lishike. Ndimu kamulia matone machache mwishoni kabisa, mezani, ambapo haiwezi kuudhi tui wala kiazi, na utaona jinsi inavyoamsha iliki.

Gesi ikiisha, au kuku akikatalia ndani, sahani hii inaokwa vizuri kwenye mkaa kwa moto juu na moto chini, kama mkate wa sinia. Tafuta sufuria pana yenye mfuniko bapa, tia ndani sentimita mbili za mchanga mkavu safi, kisha trei au bakuli la bati juu ya mchanga. Sufuria ipashe moto tupu dakika 10. Mkaa uwe umeshika wote na kufunikwa na majivu mepesi. Theluthi moja ubaki chini, theluthi mbili upande juu ya mfuniko. Chungulia kila baada ya dakika 10, na kama pembe moja inawahi, zungusha mfuniko wala usizungushe sufuria.

Kama mezani kuna mzee mwenye kisukari, mchemshie viazi vyake pembeni, vipande kwenye maji, bila sukari. Kuoka polepole kunageuza wanga mwingi kuwa maltozi, na kiazi kilichookwa kinapandisha sukari ya damu haraka kuliko kilichochemshwa. Muwekee mapema kwenye sahani yake ili asijikute akichota kwenye trei ya wote.

Kitakachobaki kiingie friji ndani ya saa mbili tangu kitoke kwenye moto, kiliwe ndani ya siku mbili. Kukipasha, tumia kikaango chenye mfuniko na moto mdogo na vijiko viwili vya maji. Oveni kwa mara ya tatu italikata tui. Makombo ya korosho yatakuwa yamelainika, kwa hiyo bakiza kiganja kimoja kikavu siku ya kwanza ukinyunyizie juu siku ya pili.